Kimya cha Chumba

Baba alikufa asubuhi akivaa soksi. Moja ilikuwa mguuni, nyingine mkononi. Mama alimkuta amekaa ukingoni mwa kitanda, bega limeegemea kabati, akadhani anawaza. "Chai inapoa," akamwambia, akarudi jikoni. Alipokuja kumwambia mara ya pili ndipo akaona.

Kesho yake mchana tulikuwa bado tunabishana tumzike wapi. Nalisimulia jambo hili kwa sababu limeshasimuliwa sana na watu ambao hawakuwepo, na wengi wao wamempaka Mama matope.

Sisi ni wageni katika nchi hii, ingawa mimi nimezaliwa humu, kwenye hospitali inayoonekana kutoka dirisha la jikoni kwetu. Baba na Mama walikuja wakiwa vijana, dada yangu akiwa mgongoni. Baba akapata kazi ya udobi katika hoteli kubwa, akaifanya mpaka mikono yake ikawa laini na myeupe viganjani kama ya mtu aliyetoka kuoga. Watu wetu wote walimwita Dobi. Alikuwa na sifa moja: hakuwahi kumwambia mtu kwamba doa lake halitoki. Uje na kutu, uje na wino, uje na damu ya wiki nzima kwenye shuka la hariri, Baba atalishika, ataligeuza kwenye mwanga, atakwambia, "Litatoka." Ukishaondoka ndipo anaanza kuhangaika nalo.

Dada yangu anatengeneza filamu, zile za watu wa kweli zisizo na waigizaji. Ile aliyokuwa anaitengeneza ilihusu watu wetu, waliozeekea ugenini. Mwanzoni alikuwa akiwauliza, "Nyumbani ni wapi?" Swali likawashinda. Fundi Viatu, ambaye siku zote ana mdomo kuliko redio, alipoulizwa alikaa wima kama anapigwa picha ya pasipoti akaanza kuhutubia: nyumbani ni moyoni, nyumbani ni popote palipo na amani. Dada alirudi nyumbani amenuna.

"Swali lako baya, Mkurugenzi," Baba akamwambia. Alikuwa akimwita hivyo kwa utani. "Ukimuuliza mtu nyumbani ni wapi, atakupa shairi. Muulize atazikwa wapi. Hapo hapana shairi."

Swali lile lilitoka kwa Baba, na wala hakulitoa akiwa na huzuni. Alikuwa anakata kucha.

Baada ya hapo mshika maikrofoni wa Dada akapata kazi yenye malipo, akaacha. Baba alikuwa amestaafu, siku nzima anapanga na kupangua soksi. Akasema, "Nipe mimi hiyo fimbo." Ni fimbo ndefu, maikrofoni iko nchani, imevikwa manyoya kama paka. Unaishika juu ya kichwa cha anayehojiwa bila kutikisika na bila kuingia kwenye picha. Tulimcheka. Mama alisema, "Huyu anayeshindwa kushika mwavuli?" Lakini mtu aliyeinua shuka zilizolowa maji maisha yake yote ana mabega. Alisimama na fimbo ile kama mti.

Akaipenda kazi kupita kiasi. Alichokipenda zaidi ni mwisho wa kila mahojiano. Wakishamaliza kuzungumza, Dada huwaambia wote wabaki walipo wasiseme neno, kinasa sauti kikiendelea. Ni kawaida ya kazi yao. Baba alitufafanulia mezani kana kwamba yeye ndiye aliyeigundua: "Kila chumba kina kimya chake. Friji, saa, barabara ya nje, hata mapazia yana sauti. Ukikata maneno ya mtu, unaziba pengo kwa kimya cha chumba kilekile. Ukiweka kimya cha chumba kingine, sikio linashtuka."

"Na pua yako je?" Dada akamuuliza.

Maana Baba alikuwa na filimbi puani. Akivuta pumzi ilipiga mluzi mwembamba, juu kidogo, kisha chini. Katika makelele ya kawaida huisikii. Katika kimya cha chumba ilikuwa tarumbeta. Dada alimbembeleza apumue kwa mdomo. Baba akaahidi, akasahau, kila mara. Kwa hiyo katika filamu nzima hapana hata picha moja ya baba yangu, lakini hapana chumba ambacho hakupumua ndani yake.

Sasa yupo mochwari, na mtu wa mazishi anasubiri jibu letu.

Pesa haikuwa kikwazo; chama chetu cha mazishi hulisafirisha kila jina lililoandikishwa. Kikwazo kilikuwa hiki. Figo za Mama zimekufa. Kila baada ya siku chache anaunganishwa na mashine ya kusafisha damu, na mashine hiyo iko hapa. Kule alikozaliwa haipo karibu. Daktari alishamwambia waziwazi asahau safari ndefu. Baba akipelekwa nyumbani, Mama hataliona kaburi lake mpaka naye anaingia katika la kwake. Na Baba akibaki hapa, kaka yake hataliona. Baba Mkubwa ni mzee, mguu mmoja haufanyi kazi, hajawahi kupanda ndege na hatapanda. Ndugu hao wawili walikuwa hawajaonana tangu walipomzika mama yao.

Walikuwa na simu tu. Kila Ijumaa Baba Mkubwa alipiga, na alikuwa wa wale wazee wanaoamini kwamba nchi ikiwa mbali lazima upaze sauti. Simu haikuhitaji spika. Jirani wa chini alijua habari za ukoo wetu wote.

Mchana ule tulikuwa sebuleni, Mama, Dada na mimi, simu iko juu ya meza.

"Shikamoo, Baba Mkubwa," nikasema.

"Marahaba! Mnamleta lini?"

"Bado tunazungumza."

"Mnazungumza nini? Mahali nimeshapasafisha! Pembeni ya mama yake! Aliniambia mwenyewe, kwa kinywa chake, kaka, nikifa nirudishe. Ijumaa ya juzi tu kaniambia!"

Mama akainamia simu. "Shemeji, na mimi aliniambia. Alisema asizikwe mbali nami. Alisema, nani atanipalilia majani kama si wewe?"

"Shemeji, unanifanya mimi mwongo?"

"Na wewe unanifanya mimi nini?"

Mimi damu ikanipanda. Nyumbani wananiita Kiberiti na sijalikataa jina. Nikasema Baba arudi kwao. Nikasema nchi hii imeula ujana wake wote, imemvunja mgongo, na mpaka anastaafu msimamizi wake alikuwa hajajifunza kulitamka jina lake. Isipewe na mifupa.

"Umemaliza hotuba?" Mama akaniuliza. "Mifupa unayoigawa ni ya mume wangu."

Nikakaa.

Dada alikuwa hajasema kitu tangu asubuhi. Alikuwa anazungusha waya kidoleni. "Nimewauliza watu wote swali hilo," akasema taratibu. "Wote. Mpaka muuza magazeti. Baba sikumuuliza. Sikuwaza kabisa. Alikuwa upande wangu wa kamera."

"Hujanasa hata neno lake?" nikamuuliza.

Akainua kichwa. "Nimenasa. Kabla ya kuanza. Alipokuwa anapima sauti."

Kabla ya mahojiano mtu hutakiwa aseme chochote ili mitambo irekebishwe. Dada huwaambia wataje walichokula asubuhi. Baba aliona hiyo haifai, mtu anaogopa. Yeye aliwapigisha soga. Na kinasa sauti kilikuwa kimeshawashwa. Hakuna aliyewahi kuzisikiliza soga zile, maana kazini sehemu hiyo hurukwa.

Baba Mkubwa akaambiwa tutampigia. Dada akaleta mitambo yake, akaiunganisha na spika ndogo, akaiweka mezani pale simu ilipokuwa. Mama akavuta kiti. Akajifunga kanga upya kiunoni kama mtu anayejiandaa kubeba kitu.

Kwanza likaja duka la Fundi Viatu. Nyundo ikawekwa chini. Halafu Baba, karibu mno, kana kwamba yuko nyuma ya sofa:

"Sema chochote, fundi, tupime."

"Niseme nini?"

"Umekunywa chai?"

"Bila sukari. Daktari kakataza."

"Daktari wako na wangu wamesoma darasa moja."

Wakacheka. Kisha Fundi Viatu akashusha sauti. "Dobi, hilo swali la binti yako linanitisha. Mimi nataka kurudishwa nyumbani. Lakini nikisema hivyo wanangu watanuna."

"Sema tu. Mimi mwenyewe narudi. Huku nilikuja kufanya kazi, fundi. Kazi imekwisha. Nikalale huku nafanya nini?"

Nikampiga Dada begani. "Umesikia? Si ndiyo hiyo?"

Mama hakusogea. Uso wake ulikuwa kama ukuta uliopakwa rangi ya kwanza tu. "Weka nyingine," akasema.

Ikaja saluni. Maji, mashine ya kukausha nywele ikizimwa. Mama Saluni anasema yeye anataka kuzikwa hapahapa, kule amebakiwa na makaburi na wapangaji, ila anaogopa watu wataiona filamu wamwite msaliti.

"Msaliti wa nani?" Baba akamwambia. "Mimi hapahapa. Mke wangu yuko hapa, watoto wako hapa. Nikipelekwa kule watu watapita wakiulizana, huyu alikuwa nani?"

Mama akafumba macho. Safari hii mimi ndiye niliyesema, "Weka nyingine."

Nyingine ilikuwa ya Dereva, mstaafu wa mabasi, mtu mkavu, asiyeamini chochote. Anasema wamtupe popote, hata jalalani.

"Sawasawa kabisa, dereva," likasema lile zee letu, Baba. "Maiti haina haja ya kiti cha dirishani."

Dada akafungua nyingine, na nyingine. Anayetaka kurudi, Baba anarudi naye. Anayebaki, Baba anabaki naye. Kwa mjane mmoja aliyetaka azikwe katikati, mahali ambapo si huku wala kule, Baba alikubali hata hilo, akasema ni wazo zuri sana, yeye pia amewahi kulifikiria.

Hapo Mama akaanza kucheka. Alicheka mpaka akashika meza, mabega yanatikisika, na kicheko kikageuka bila sisi kujua ni saa ngapi kimegeuka. Akajifuta kwa ncha ya kanga.

"Litatoka," akasema.

Tukamwelewa wote wawili.

"Kumbe alikuwa muongo," nikasema. Nilikuwa na hasira, sikatai. Nilikuja pale kutafuta neno la baba yangu nikakuta kila mtu kapewa la kwake. "Kamdanganya Baba Mkubwa, kakudanganya na wewe."

"Funga mdomo." Hakupaza sauti. "Muongo anakwambia neno ili apate kitu. Baba yako alipata nini? Alikuwa hawezi kumwacha mtu peke yake na jibu lake, basi. Anaingia humo humo anakaa naye." Akamgeukia Dada. "Ile mnayonyamaza iko wapi? Mwisho pale."

"Kimya cha chumba?"

"Hicho."

Dada akairudisha ya Fundi Viatu, akaenda mwisho. "Msiseme kitu sasa," ikasema sauti yake mwenyewe ndani ya spika. Kisha barabara kwa mbali. Ngozi ikilia mahali fulani, au kiti. Na filimbi. Juu kidogo, kisha chini. Juu kidogo, kisha chini.

Tulisikiliza mpaka kikaisha.

"Una vingapi?"

"Vingi, Mama. Kila nilipohoji."

"Na hapa? Sebuleni kwangu?"

Dada akatikisa kichwa. Hapa hakuwahi kumhoji mtu. Hapa palikuwa pa kupumzikia.

Mama akainuka, akakusanya vikombe, akavipeleka jikoni, tukasikia maji yanafunguliwa na kufungwa. Aliporudi mikono imekauka. "Mpigieni shemeji."

Baba Mkubwa alipokea kwa kelele zake. Mahali pamesafishwa, watu wamekusanyika, wanamuuliza, awaambie nini?

"Shemeji, nisikilize kwanza," Mama akasema. "Mimi nimekaa naye miaka yote. Nimemlisha, nimemuuguza, nimegombana naye. Wewe ulikuwa na sauti yake tu. Kila Ijumaa, sauti. Sasa tubadilishane. Mchukue yeye. Mimi nitabaki na sauti."

Simu ikanyamaza. Nilimjua Baba Mkubwa tangu utotoni kama kelele, na kwa mara ya kwanza nikaisikia laini ikivuma tupu, vuuu, kama kopo lililowekwa sikioni. Nikadhani imekatika.

"Shemeji," akasema hatimaye, kwa sauti ya kawaida, ndogo kuliko nilivyotazamia. "Na wewe utakuja lini kumwona?"

"Sitakuja. Mashine yangu haisafiri."

"Basi mbaki naye. Nasema kweli. Mbaki naye."

"Nimeshasema, shemeji. Usinifanye niseme mara mbili."

Na akakata yeye, Mama, kabla hajasema mara mbili.

Siku ya kusafirisha mwili alitoka moja kwa moja kwenye mashine yake, mkono umefungwa bandeji, akaomba apelekwe mochwari. Mtu wa mazishi alikuwa ameshamwandaa Baba vizuri. Mama akafungua mkoba akatoa soksi. Ile iliyokuwa mkononi. Alipiga goti, nikataka kumsaidia, akaniondoa kwa kiwiko. Akamvisha taratibu, akaivuta mpaka juu, akakilaza kisigino mahali pake, maana Baba hakupenda soksi iliyopinda.

Dada aliondoka na jeneza. Mimi nikabaki na Mama, na nikabaki pia na maneno ya watu. Walisema amemrudisha mumewe kama mzigo ulioharibika. Walisema mwanamke anayempenda mtu hamtumi peke yake. Bibi mmoja aliyasema hayo sebuleni mwetu, kikombe chetu mkononi, Mama akiwa chumbani. Nilimfungulia mlango nikamwonyesha ngazi. Mama alipotoka akaniuliza mgeni kaenda wapi. Nikasema alikuwa na haraka. Alinitazama. "Kiberiti," akasema, bila kucheka.

Hakulia mbele yangu siku zile. Alifua. Alifua mashati yote ya Baba yaliyokuwa safi, akayapiga pasi, akayakunja vile walivyokunja hotelini, mikono nyuma, kola juu.

Dada aliporudi alikuwa amekonda na ana vumbi jekundu kwenye kamba za viatu. Mama alimweka kwenye sofa, akamwekea chai, nami akaniwekea, na yeye mwenyewe akajimiminia. Akauliza watu walikuwa wangapi, nani aliongoza, mvua ilinyesha au haikunyesha. Kisha akasema, "Nionyeshe."

"Picha sijapiga, Mama. Nilishindwa kuinua kamera."

Nilimwona Mama akilipokea hilo, akilimeza. Akaitikia kwa kichwa.

"Ila nilichukua kimya," Dada akasema. "Watu walipoanza kuondoka. Niliwaomba waliobaki wasimame walipo, wasiseme neno. Fimbo niliishika mwenyewe. Nzito, Mama. Sikujua kama ni nzito vile."

Akamvisha Mama vile vipokea sauti vikubwa vya masikioni, akabonyeza. Tulikaa tukimtazama usoni, kwa kuwa sisi hatukusikia kitu ila friji yetu na barabara yetu. Mwanzoni alikuwa ameinamisha kichwa kama mtu anayesikiliza mlangoni. Halafu mkono ukapanda mdomoni.

"Anapumua," akasema, kwa sauti kubwa, maana alikuwa hajisikii.

Nikamwondolea kipokea sauti kimoja, nikakiweka sikioni mwangu, vichwa vyetu vimegusana. Upepo. Kuku, mbali. Koleo likilazwa juu ya udongo. Na karibu kabisa na maikrofoni, filimbi. Juu kidogo, kisha chini.

Dada akawa anatikisa kichwa, machozi yanamtoka. "Ni Baba Mkubwa," akasema. "Walimletea kiti kwa ajili ya mguu wake. Alikaa pembeni yangu, akakataa kuondoka. Na mimi nilikuwa sijui, kwenye simu hana nafasi ya kupumua."

Nikamgusa Mama. "Ni Baba Mkubwa, Mama. Ni pua ya—"

"Najua ni nani." Akakichukua kipokea sauti sikioni mwangu akakirudisha kwake. "Mnyamaze. Hakijaisha."

Aliposikia kimefika mwisho alimwonyesha Dada kwa kidole, tena. Na tena. Jua lilihama kutoka kwenye meza likaenda kwenye zulia, kisha kwenye ukuta. Kikombe chake kilikuwa mbele yake, hakijaguswa, na hapakuwa na mtu wa kumwambia kwamba chai inapoa.